Kodi Umeshaila, Kero Imebaki

Mpangaji asiyelipa kodi ana nafuu kuliko yule anayelipa yote halafu akawanyima wenzake usingizi. Asiyelipa, tarehe yake imepita, daftari liko wazi, na hata majirani wanakuelewa ukimdai. Huyu mwingine amelipa miezi sita mbele, risiti anayo, na ukimwambia apunguze sabufa anakujibu maneno ambayo kila mwenye nyumba wa Dar es Salaam ameshayasikia: "Nimelipa kodi yangu." Na kweli kalipa. Wewe umeshaila.

Sura hii inamhusu huyo, lakini zaidi inawahusu wanaoishi naye: mwenye nyumba aliyeipokea ile kodi, na wapangaji wengine ambao nao walilipa miezi sita yao na sasa hawana pa kuhamia.

Tuanze na nyumba yenyewe. Manzese, Tandale, Buguruni, Mwananyamala na sehemu kubwa ya Temeke, nyumba nyingi za kupanga zimejengwa kwa ramani ile ile: vyumba vitatu upande huu, vitatu upande ule, korido katikati, mlango wa mbele unaotazama barabara au uchochoro, na wa nyuma unaotokea uani kwenye choo, bafu na mahali pa kupikia. Ni ramani nzuri sana kwa ukoo mmoja. Bibi analala chumba cha mbele, wajukuu cha nyuma, na usiku mtu akikohoa mwingine anauliza kama kanywa dawa. Sasa jiji hili lina watu zaidi ya milioni 5.3 kwa sensa ya 2022, na kila chumba kimekuwa kaya inayojitegemea. Kaya sita, choo kimoja, mita moja ya LUKU, kamba moja ya kuanikia nguo. Katika nyumba nyingi za zamani kuta za ndani hazifiki kwenye bati na dari hakuna, kwa hiyo sauti haina haja ya kupita ukutani. Inapita juu. Mtoto wa chumba cha pili anajua mapema kuliko mama yake kwamba wa chumba cha tano wamegombana.

Katika nyumba kama hiyo kero hazihitaji mtu mbaya. Pikipiki inalazwa kwenye korido kwa kuogopa wezi, na harufu ya petroli inaingia vyumbani. Mwingine anawasha jiko la mkaa mlangoni kwake kwa sababu mvua inanyesha uani. Kuna asiyefika zamu yake ya kusafisha choo, kila Jumapili ana safari. Kuna anayerudi saa nane usiku akiwa amelewa, hana funguo ya geti, anagonga hadi mtu aamke. Kuna wageni wasioisha, leo watatu, kesho watano, wote wanaoga maji ya ndoo za wenzao. Kuna moshi wa bangi dirishani kwa mama mwenye mtoto mchanga. Na kuna sabufa, ambayo ningeiweka peke yake, kwa sababu singeli ya Jumamosi usiku kwenye nyumba isiyo na dari haina mahali pa kujificha.

Kabla hujamwita mtu mkorofi, itazame nyumba yako. Ugomvi wa umeme, kwa mfano, mara nyingi unaitwa tabia mbaya wakati ni ubahili wa mwenye nyumba. Mita moja, vyumba sita: mmoja ana friji, wa pili anapika kwa jiko la umeme, wa tatu ana taa moja na chaja ya simu, na wote wanachangia sawa. Umeme ukikatika saa mbili usiku kila mmoja anabaki gizani akimsubiri mwenzake anunue. Hapo kinachohitajika ni fundi, si kikao. Mita ndogo kwa kila chumba huua kesi hiyo, na choo cha pili hupunguza nyingine nyingi. Mwenye nyumba anayekusanya kodi ya vyumba sita akadai hana hela ya choo cha pili ajue kwamba sehemu ya ukorofi wa uani kwake ameijenga yeye.

Ukishatoa hayo, anabaki mtu mmoja. Kwa kawaida ni mmoja tu. Tumuweke kwenye mfano. Nyumba ya vyumba sita, kila chumba 60,000 kwa mwezi, kodi ya miezi sita. Kijana wa chumba cha mbele ameingia kwa 360,000 taslimu, na mama mwenye nyumba ameitumia yote wiki ile ile kulipa ada za shule na kubadilisha bati zinazovuja. Mwezi wa pili muziki unaanza, wageni wanaanza, matusi yanaanza. Wapangaji wenzake wanampelekea mama malalamiko. Mama anajua la kufanya: amrudishie kijana 240,000 ya miezi minne iliyobaki, waachane kwa amani. Hana. Anasema, "Vumilieni, kodi yake ikiisha simpi tena."

Wanavumilia, lakini kodi zao nazo zina tarehe. Ya mama wa watoto wa chumba cha nne inaisha mwezi wa tatu, ya fundi cherehani wa chumba cha sita inaisha wa nne. Hawatoi notisi ya hasira wala hawagombani na mtu. Wanakusanya vyombo, wanashukuru kwa kuishi vizuri, wanaondoka. Vyumba viwili vikikaa wazi miezi miwili miwili, mama amepoteza 240,000, ile ile aliyoona hawezi kuirudisha. Kibaya zaidi, waliomtoka ni wale aliowahitaji, na aliyebaki ana sauti kubwa kuliko mwanzo kwa sababu ameona hakuna aliyemgusa.

Watu husema miezi sita mbele inamlinda mwenye nyumba. Kwa upande wa fedha, ndiyo. Kwa upande wa tabia inamfunga mikono, na inawafunga majirani pamoja na mkorofi ndani ya korido moja. Nairobi, ambako kawaida ni kulipa mwezi kwa mwezi na kuweka amana ya mwezi mmoja, mkorofi anaweza kuondoka mapema zaidi. Wakenya wana shida yao nyingine: mpangaji asiye na kosa lolote naye anaweza kukuta keateka, yaani msimamizi wa nyumba, ameweka kufuli mlangoni kwa kuchelewesha siku chache. Sheria yao ya kudhibiti kodi bado ipo, na imeweka usumbufu kwa majirani kuwa sababu mojawapo ya kumtoa mpangaji kwa amri ya baraza. Lakini inagusa nyumba za kodi isiyozidi shilingi 2,500 za Kenya kwa mwezi, na wanaopanga Nairobi leo wanajua ni vyumba vya namna gani vimebaki chini ya bei hiyo.

Tanzania nayo ilikuwa na sheria ya kudhibiti kodi za nyumba, ya mwaka 1984. Ilifutwa 2005. Tangu hapo uhusiano wa mpangaji na mwenye nyumba umebaki kwenye Sheria ya Ardhi ya 1999, yenye sehemu nzima kuhusu upangaji, na kwenye mkataba wenu. Sheria hiyo inampa mpangaji haki ya kukaa kwa utulivu bila kusumbuliwa na mwenye nyumba, ili mradi analipa kodi na kutimiza masharti. Hayo maneno ya mwisho ndiyo mwenye nyumba anatakiwa kuyashika. Sharti ambalo halikuandikwa ni gumu kusema limevunjwa.

Nenda sasa ukautazame mkataba wako. Kama ni ule wa kununua stesheneri, una jina, kiasi, tarehe, na mstari mmoja wa "mpangaji atatunza usafi na amani". Amani ipi? Kila mtu ana amani yake. Andika vitu vinavyoweza kuonekana na kusikika. "Muziki wa chumba hautasikika nje ya chumba kuanzia saa nne usiku." "Mgeni atakayelala zaidi ya siku tatu atatambulishwa kwa mwenye nyumba." "Zamu ya choo na korido ni kwa mujibu wa ratiba iliyobandikwa uani. Anayesafiri atamwachia mtu zamu yake." "Pikipiki hailali kwenye korido." Halafu andika mstari ambao wengi hawauweki: mpangaji akionywa kwa maandishi mara mbili kwa kosa la namna hiyo, mkataba unaweza kuvunjwa kwa notisi ya mwezi mmoja, na kodi iliyobaki itarudishwa. Ukishaandika "itarudishwa", iweke. Kodi ya miezi sita inapoingia, ya miezi miwili ibaki pembeni, kwenye simu au benki, usiiguse mpaka mwezi wa nne. Ukiona huwezi, pokea miezi mitatu mitatu. Najua bati linavuja na shule zinafunguliwa Januari. Lakini mwenye nyumba asiye na akiba hana neno la kumwambia mkorofi.

Kumchagua mtu kabla hajaingia kunasaidia kidogo kuliko watu wanavyodhani. Dalali halipwi kwa tabia. Analipwa kodi ya mwezi mmoja mtu akiingia, na akihama analipwa tena mahali pengine, kwa hiyo usimtegemee akuambie kwa nini kijana huyu amehama mara tatu mwaka huu. Mwenye nyumba wa zamani naye si shahidi mzuri: kama anataka aondokewe atamsifu mpaka ushangae. Afadhali uulize aliyekuwa jirani yake wa chumba. Barua ya utambulisho kutoka serikali ya mtaa alikotoka iombe, maana angalau utajua jina lake halisi na kwamba kuna mtu anayemfahamu.

Tabia ikishaanza, kinachofanywa wiki ya kwanza kina nguvu kuliko yote yatakayofuata, na wengi hawakifanyi. Wanangoja hasira ijae, kisha wanakwenda kugonga mlango usiku wa manane, muziki ukiwa juu, wageni wakiwa ndani, majirani wamesimama koridoni kama mashabiki. Hakuna kijana atakayekubali kushushwa mbele ya rafiki zake. Nenda asubuhi, mchana ukipenda, akiwa peke yake. Kaa. Mama mwenye nyumba anayejua kazi yake huanza hivi: "Mwanangu, habari za kazi? Nimekuja tuongee kidogo, mimi na wewe." Kijana atasema, "Shikamoo mama, karibu," na hapo tayari ameshakubali kwamba kuna mkubwa na mdogo katika chumba hicho. Mweleze ulichosikia wewe, au saa iliyotajwa, bila kumtaja aliyelalamika. Ukimtaja umewasha moto mwingine. "Jumamosi muziki umekwenda mpaka saa kumi alfajiri. Kuna mtoto mgonjwa humu ndani. Tufanyeje?" Swali hilo la mwisho ni muhimu. Wengi wakiulizwa hutoa jibu wenyewe, na ahadi aliyoitoa mwenyewe utamkumbusha kwa urahisi kuliko amri.

Akiwa mtu mzima kuliko wewe, usiende peke yako. Mtafute mzee anayeheshimika naye, wa msikitini au wa kanisani kwake, au ndugu aliyemleta siku ya kwanza.

Ukitoka hapo, andika. Daftari la shule la kurasa arobaini linatosha. Usiandike "msumbufu sana". Andika: Jumamosi, saa saba na nusu usiku, muziki hadi saa kumi, wa chumba cha nne alimgongea mara mbili. Jumatano, saa mbili asubuhi, nimezungumza naye, ameahidi kuzima saa nne. Jumamosi iliyofuata, saa sita usiku, muziki tena. Kurasa mbili za namna hiyo zina uzito kuliko nyumba nzima inayopiga kelele kwa pamoja ofisini kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa. Onyo la kwanza la maandishi linyofolewe humo humo: tarehe, kosa, sharti la mkataba lililovunjwa, siku alizopewa kurekebisha. Asaini amepokea. Akikataa kusaini, shahidi mmoja asaini kwamba alipewa.

Hatua inayofuata kwa watu wengi ni mjumbe wa nyumba kumi. Wajumbe wanasaidia, hasa kama ni watu wazima wanaojua kusuluhisha, na mimi siwadharau. Ila tangu vyama vingi virudi 1992 mjumbe ni kiongozi wa chama, na mpangaji asiye wa chama hicho anaweza kumwambia hivyo hivyo. Mwenyekiti wa serikali ya mtaa ndiye wa kuandika barua ya wito. Yeye pia hana mamlaka ya kumtoa mtu chumbani, na akikuambia anayo, usimwamini. Nguvu yake ni kukaa na pande mbili mbele ya mashahidi na kuandika mliyokubaliana. Karatasi hiyo itunze pamoja na daftari.

Kuna kelele ambazo hazistahili njia hii kabisa, na hapa wenye nyumba wengi wanakosea vibaya. Mwanamke anapigwa chumba cha tatu. Kila mwisho wa mwezi anapigwa, analia, watoto wanalia, nyumba nzima haijalala. Majirani wanamlalamikia mwenye nyumba kwamba "wale wa chumba cha tatu wana fujo", na mwenye nyumba anawapa notisi wote wawili. Amemwadhibu aliyepigwa. Kwa notisi hiyo mwanamke anakwenda na mpigaji wake kwenye mtaa mwingine ambako hakuna anayemfahamu, na huko ukuta huenda ni mzito zaidi. Vituo vya polisi vina Dawati la Jinsia na Watoto kwa mambo ya namna hiyo. Usiku ule ule watu wawili watatu wagonge mlango kwa pamoja, iwe kwa kuomba chumvi, ili mpigaji ajue anasikika. Kesho yake mama mmoja anayeaminika amuulize yule dada, faraghani, anataka nini. Kama jina la mkataba ni la mume, mwenye nyumba anaweza kuandika mkataba mpya kwa jina la mke akitaka kubaki. Nimeona wenye nyumba wakiguna kwa wazo hili. Wanauliza kodi italipwa na nani. Mara nyingi inalipwa na yule yule anayeuza maandazi alfajiri, ambaye ndiye aliyekuwa akiilipa tangu mwanzo.

Matusi na vitisho navyo vina mlango wao. Kanuni ya Adhabu inataja kutumia lugha ya matusi kwa namna inayoweza kuvunja amani kuwa kosa la jinai, kwa hiyo ni suala la polisi, na linaweza kwenda sambamba na notisi yako bila kuisubiri. Kelele nazo zina kanuni zake za 2015 chini ya Sheria ya Usimamizi wa Mazingira, lakini nguvu ya baraza la mazingira, NEMC, imeonekana zaidi kwenye baa na kumbi. Usitegemee afisa aje na kipimo kwa ajili ya sabufa ya chumba kimoja.

Kama mashauri yote yameshindikana na mtu hataki kuondoka, njia ni ya kisheria na ni ndefu. Shauri huanzia Baraza la Kata, ambalo tangu marekebisho ya 2021 kazi yake ni kusuluhisha tu. Likishindwa linatoa uthibitisho, nawe unakwenda nao Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, linalokaa na mwenyekiti na wazee wa baraza; siku thelathini zikipita bila suluhu, unaweza kwenda hata bila uthibitisho huo. Ukishinda huko, anayemtoa mtu ni dalali wa mahakama, kwa amri. Katikati ya safari hiyo vishawishi ni vingi: kung'oa mlango "uende kwa fundi", kutoa bati juu ya chumba chake msimu wa masika, kukata waya, kuweka kufuli akiwa kazini. Mafundi wa kazi hizo wapo na bei zao zinajulikana. Ukifanya hivyo unageuka wewe kuwa mdaiwa. Yule aliyekuwa hana hoja sasa ana picha za televisheni yake iliyolowa kwenye simu, na wazee wa baraza watazitazama kabla ya kufungua daftari lako.

Ndiyo maana narudi kwenye zile shilingi 240,000. Mpangaji mkorofi akiwekewa fedha yake mezani, wengi huondoka ndani ya wiki, tena bila kinyongo, kwa sababu nao hawakuwa wakifurahia kukaa mahali wanaponuniwa. Malipo hayo yafanyie kwenye ofisi ya serikali ya mtaa. Toa kwanza deni lake la LUKU na la maji, kwa hesabu aliyoiona na kuikubali. Hesabu fedha mbele ya mashahidi wawili, mmoja wake na mmoja wako. Muandike kwamba mkataba umekwisha kwa hiari, chumba kitakabidhiwa tarehe fulani, na hakuna anayemdai mwenzake. Usimpe yote siku hiyo: nusu wakati wa kusaini, nusu chumba kikiwa kitupu na umeshakitazama, taa, soketi, kioo cha dirisha. Atakapokukabidhi funguo, mwite fundi abadilishe kitasa jioni hiyo hiyo, pamoja na cha geti, kwa sababu funguo hizo zimepita mikononi mwa wageni ambao hakuna mtu humo ndani aliyewahi kuwajua majina.